Nyuzi Kumi na Nane

Yakdhani yuko Suhari kikazi,
mimi niko Mabela, chumba cha juu,
na kiyoyozi chetu kinapanda na kushuka
kwa kidole kilicho mwendo wa saa mbili kutoka hapa.

Rimoti aliichukua tangu Rajabu.
Hakuificha. Aliitia mfukoni mbele ya macho yangu,
akasema, "Ya nini tena? Yote yamo kwenye simu."
Simu yake.

Nimejifunza kumsoma kwa nyuzi.
Ishirini na mbili: ameshiba, mkutano umekwenda vizuri.
Kumi na nane: nimpigie, nimshukuru.
Ishirini na tisa: nimechelewa kujibu,
au kamera ya mlangoni imemwonesha Thuweiba, dada yangu,
akitoka saa nne badala ya saa tatu.

Hapigi. Nalisema hilo kabla hamjaniuliza.
Mama mkwe ameshanihesabia bahati zangu
kwa vidole vyake vyenye hina:
gari, mtumishi, ghorofa, mume asiyevuta hata sigara.
"Wewe umeolewa peponi, mwanangu."
Nikammiminia kahawa, nikamsogezea halua,
pepo ikiwa nyuzi ishirini na tisa.

Mshahara wangu wa ualimu aliniambia ataniwekea.
Umekaa kwake mwaka wa nne,
kama mgeni asiyejua kuaga.

Jana neno lenyewe lilikuwa dogo:
nataka kuifanya upya leseni yangu ya gari.
Akanyamaza. Simu ikakatika.
Kisha juu ya kitanda, tit,
taa ya kijani ikazimika.
Julai, saa tano usiku,
kuta zikitapika jua zililokunywa mchana kutwa.

Nikakaa. Jasho likanitambaa mgongoni
kama mkono unaotafuta kitu.
Nilikwisha kuandika "samahani",
herufi nane, bado kuituma tu.

Sijui nini kilininyanyua.
Nikabeba godoro la sponji, shuka, chupa ya maji,
nikapanda paani
kwenye matangi na madishi
na upepo wa mvuke, si wa baridi,
lakini hauna mwenyewe.
Bibi alikuwa akihadithia walivyolala Sumaili
kabla ya umeme: shuka huloweshwa, mtu akajifunika.
Nikailowesha. Nikajifunika.

Saa saba simu ikawaka.
Amenisamehe: kumi na nane.
Nikaisikia mashine chini ikinguruma,
ikikipoza kitanda, ikilipoza kabati,
mabuibui yangu, kioo,
kwa bidii, kwa pesa zake na zangu.

Shuka ilikuwa imeshakauka upande mmoja.
Nikaigeuza.