Kalamu Iliyofungwa kwa Uzi

Kura yangu ya kwanza yenye jina zaidi ya moja
niliipiga Pleven, mwaka wa tisini,
foleni ikiizunguka shule mara mbili,
baba kabeba kigoda, mama mkate wa jibini,
watu wazima wakilia bila kuficha nyuso.
Niliandika yote. Mhariri, Bwana Hristoskov,
akayafuta machozi kwa wino mwekundu:
"Machozi si habari. Walikuwa wangapi?"

Tangu hapo nahesabu.
Masanduku ya Vidin, theluji magotini.
Magunia ya viazi yaliyogawiwa Jumamosi usiku.
Wafu waliopiga kura wakiwa na afya njema.
Kijiji cha mlimani, wapiga kura kumi na wanne,
vyama ishirini na viwili kwenye karatasi.
Nimekalia viti vya watoto wa darasa la kwanza,
magoti yakigusa kidevu,
nikingoja saa mbili usiku igonge.

Mawaziri wakuu sita wameniambia "mageuzi",
kila mmoja kana kwamba neno kalizaa yeye.
Mmoja alinitumia maua, mwingine wakili.
Maua yalinyauka upesi.
Wakili alikuja miaka minne.

Mume wangu aliondoka kati ya duru ya kwanza na ya pili.
Mwaka siukumbuki; namkumbuka aliyeshinda.

Kisha chaguzi zikaja mfululizo, tatu, nne, tano,
hadi karani mmoja akawa anafuma soksi mezani:
ya kushoto uchaguzi wa Aprili, ya kulia wa Oktoba.
"Ukiandika kwamba hakuja mtu," aliniambia,
"andika pia kwamba mimi nilikuja."

Sasa siri yangu: tangu ule mwaka wa tisini
sijapiga kura.
Jina langu liko Pleven, kazi daima ilikuwa kwingine.
Nimewakemea waliobaki nyumbani,
tahariri baada ya tahariri,
kisha nikapanda treni.

Jumapili hii nina wiki tatu za kustaafu.
"Velkova, Radostina Asenova," anasoma binti wa tume,
anainua macho. "Umekuja kuripoti?"
La, nasema, na sauti inanikwama.

Nyuma ya pazia kalamu imefungwa kwa uzi,
kana kwamba mwizi wa nchi hii ni mimi.
Nawajua wote kwenye karatasi. Hapo ndipo taabu ilipo.
Najua nyumba ya nani imeandikwa jina la mkwe,
nani alilia kweli kwenye mazishi ya wachimba makaa,
nani husoma bajeti hadi ukurasa wa mwisho
(mmoja tu, naye atashindwa).
Dakika nne. Nje mtu anakohoa.

Mlangoni kijana ananisogezea simu mdomoni:
"Mama, umempigia nani?"
Swali langu. Hata bega analiinamisha kama mimi.
Kura ni siri, mwanangu.
Anaguna, anageuka kutafuta mwingine,
namwita arudi:
"Andika. Saa nne na dakika kumi.
Foleni, watu wawili.
Mmoja nilikuwa mimi."