Ekari ya Njaa

Wenyeji wa bonde la Teme waliliita shamba hili Ekari ya Njaa,
ingawa ni ekari tano kasoro,
kwa kuwa halikuwahi kumshibisha mtu.
Udongo mkonde, mawe, maji yasiyokaa.
Ngano ilikataa. Viazi vilikataa.
Maua ndiyo yaliyokubali.

Nilifika Jumanne ya mwisho wa Mei
na fremu yangu ya mita moja, kishikwambi, chupa ya chai,
nikalikuta limelimwa.

Limelimwa juzi. Matuta bado yana unyevu mgongoni,
kunguru wanapita katikati yake kama wakaguzi,
na Piers Lockyer, wakala wa wajenzi, kasimama langoni
na viatu visivyojua tope:
“Shamba tupu tu, Daktari. Saa sita utakuwa umemaliza.”

Hesabu yenyewe si ngumu, naweza kukufundisha.
Chukua hekta, zidisha kwa upekee wa makazi,
zidisha tena kwa hali yake.
Shamba la kulimwa: mbili, mara mbili, mara moja.
Nne.
Sheria yataka uache zaidi ya ulichokuta,
kumi kwa mia juu yake, kwa miaka thelathini.
Na kumi kwa mia ya nne ni nini?
Kidimbwi. Vichaka nyuma ya gereji.
Visanduku vya popo, ambavyo havihesabiwi
ila hupendeza katika picha.
Nyumba sitini na nne zingepita zikipiga mluzi.

Ua la miti halimo humo. Ua hupimwa peke yake, kwa urefu,
kwa hiyo nilizunguka na utepe wangu,
na pale kwenye kona, ambapo trekta hulazimika kugeuka,
jembe lilikuwa limeogopa miiba.
Hatua mbili za ardhi zimesalia chini ya ua.
Nikapiga magoti.
Okidi tatu. Klova. Na mmea wa njuga,
mwizi mwema, anayenyonya mizizi ya nyasi
ili wanyonge wapate pumzi.
Nikaweka fremu. Aina kumi na tisa.
Nikahesabu tena, nikitaka nikosee.

Enid Gwilliam alikuja na mbwa wake. Shamba lilikuwa lake.
“Waliniambia nilime,” alisema.
“Sikuuliza sababu. Niliijua sababu.”
Kisha akatazama paa la nyumba yake, ng'ambo,
turubai la buluu limefungwa kwa kamba,
na mimi nikatazama mbwa.

Jioni nilifungua picha za angani, za miaka ile ya nyuma.
Hapo lilikuwa, madoa ya manjano na zambarau,
kama shuka lisiloanikwa vizuri.
Sheria haidanganywi na jembe:
ukiharibu kwanza, utapimwa kwa ulichoharibu.
Mbili, mara sita, mara mbili.
Ishirini na nne.

Lockyer alipiga simu mara tano. Ya sita sikupokea.
Malisho utakayopanda leo hukatwa alama
kwa kuchelewa kwake kuwa malisho,
na tena kwa uwezekano wa kutokuwa kabisa.
Wakachora upya. Nyumba arobaini na moja.
Bei ya shamba ikashuka,
na turubai, nililiona nikipita, bado liko.

Mali bila daftari hupotea bila habari.
Sasa daftari lipo. Lina sahihi yangu kila ukurasa.
Kipozamataza hana safu humo;
alipaa juu ya matuta asubuhi ile, akaimba bila kujazwa fomu.
Thelathini ikitimia nitakuwa na miaka themanini na tatu,
na sijui nani atapiga magoti pale.

Mwaka wa pili nilipata kadi ya posta,
haina salamu, mwandiko umelala upande:
“Njuga kumi na saba nje ya ile kona.
Nimehesabu mara mbili.
Paa linavuja. E. Gwilliam.”