Irabu Moja

Gurdev alituhesabu mlangoni mwa basi dogo, Derby, saa mbili na nusu asubuhi:
kumi na wanne, pamoja na mimi niliyechukua nafasi ya Auleria,
mgongo ulimkamata usiku, zamu ya wazee.
Nilibeba chapati mbili na yai. Sikujua
kama mahali pale mtu huenda na chakula.

Newark kulinuka viazisukari vya kiwandani,
harufu ya kitu kitamu kinachoungua.
Hakuna aliyesema neno. Dirisha likafunguliwa, likafungwa.

Bustani yenyewe, mwezi wa pili, haina ua hata moja.
Mawaridi yamepogolewa hadi magotini:
miiba, vibao, jina na jina,
na lundo la mawe linaloongezwa na kila mgeni.
Bi Tansley anayetuongoza ana koti la mvua la kijani
na sauti ya mwalimu aliyestaafu bila kuacha kufundisha.
Picha za maiti haonyeshi. "Walivuliwa nguo mara moja," alisema. "Inatosha."

Alituonyesha kiatu. Kimoja tu, cha mguu wa kushoto,
ukanda umetobolewa tundu la ziada
ili kimkae mtoto aliyekirithi kwa dada yake.
Nililitazama lile tundu kuliko ramani zote ukutani.
Mama yangu naye alitoboa hivyo, kwa msumari wa moto.

Kisha kadi. Kila mtu yake, aisome kwa sauti.
Yangu: Gitla Brzost, miaka minane.
Jina la ukoo herufi sita, irabu moja.

Mimi niliyejifunza kusoma kwa ba be bi bo bu,
fimbo ikigonga silabi ubaoni,
kila konsonanti imeshikwa mkono na irabu yake
kama watoto wakivuka barabara,
nikakwama mbele ya herufi tatu zilizosongamana,
hazina pa kupumulia.
Nikasema: Bu-ri-zo-sti.
Mzee mmoja alikohoa. Bi Tansley hakunisahihisha.

Kazini wananiita Resi. Respicia ni refu, wanasema,
na miaka kumi na moja nimeitikia nusu ya jina.
Kwa hiyo nikaomba nirudie.
Akanitamkia taratibu, nami nikamfuata,
mara ya tatu, ya nne, ulimi ukikwaruza,
hadi ile te ya mwisho ikabaki wazi kama mlango usio na komeo,
nikaiacha hivyo.

"Kuna swali?"
Nilikuwa na neno, ila halikuwa swali.
Mwaka ule nami nilikuwa na miaka minane, Ngara,
mama akasema tusichote maji ya Kagera,
tusile samaki,
hakusema kwa nini, na sisi tulikuwa tumekwisha kuona
vilivyokuwa vikishuka kutoka Rusumo.
Wale hawakuja na kadi.
Nikasema hapana, asante.

Jiwe nililookota lilikuwa na tope; nililipangusa kwa kitambaa cha chapati.
Kwetu kaburini tunatupa udongo, unasikika ukianguka.
Hapa unaliweka polepole,
kama mtu anayetua sufuria chumba alicholala mtoto.

Chapati nilikula kwenye maegesho, nimeipa bustani mgongo.
Njaa haina adabu. Yai sikuliweza.

Gurdev akatuhesabu tena. Kumi na watatu.
Akarudia kwa kidole, kiti kwa kiti. Kumi na watatu.
Bi Tansley akashuka kwenye mvua na orodha yake,
na ndani ya basi kukawa na kimya ambacho asubuhi hatukuwa nacho.

Kisha yule mzee wa kikohozi akatokea upande wa vyoo,
anafunga mkanda, anaomba radhi, anacheka peke yake,
na sisi, watu tusiojuana majina,
tukampigia makofi, makofi marefu,
mpaka akauliza kwani amefanya nini.