Bonyeza Mbili

Mfupa, alinifunza Bwana Wrona,
ni karoti ivunjwayo ndani ya taulo lililolowa.
Theluji ni unga wa wanga kwenye soksi.
Moto ni karatasi ya peremende, ifinye polepole.
"Msikilizaji hana macho," alisema, "kwa hiyo ni wetu."

Tulirekodi chini ya kiwanda kilichokufa, mjini Łódź,
Januari, kipasha-joto kimezimwa
kwa kuwa kilinguruma kwenye kanda.
Tulivaa makoti. Maneno yetu yalionekana.

Mchezo wenyewe ulikuwa wa mtengeneza sumu na mwanagenzi wake.
*Bonyeza moja, kijana apeleke kikombe.
Bonyeza mbili, akatae.*
Nikamuuliza: wanaokataa huenda wapi?
"Wapitishe vyumba vitatu. Milango mitatu, ngazi, maji ya kunawa.
Kisha warudishe kwenye kikombe.
Watakuwa wamechoka na wema."
Fisi alishindwa na njia mbili;
hakuna aliyemwambia kwamba ilikuwa moja.

Onyesho la kumi na moja lilitaka kilio.
Nililia mara tisa, vilio vya karoti na taulo.
Akavua miwani, akaifuta kwa ncha ya tai,
akasema kwa upole ambao sijausikia tena:
"Jagna, wamepiga simu kutoka hospitali. Mama yako."

Kilichotoka sijui kilikuwa kifuani mwa nani.
Akainua kidole: subiri,
sekunde mbili za kimya, za kukatia kanda.
Ndipo akasema, "Hajambo. Hakuna aliyepiga."
Akanimiminia chai yenye sharubati ya rasiberi
nami
nikainywa.

Watu waliandika barua kuhusu kilio kile.
Wengine waliendesha gari hadi kando ya barabara, wakasimama.
Hawajui kwamba usiku ule nilibaki peke yangu,
nikakisikiliza, nikakirudia,
nikakata pumzi moja mwanzoni
iliyokuwa ikikiharibu.

Leo ameletwa Kazik, miaka kumi na tisa,
viatu vinachuruzika theluji ya kweli.
Anavunja karoti vizuri. Kulia, bado.
Ameniuliza: wanaobonyeza mbili, huenda wapi?

Taa nyekundu inawaka; niliiwasha kabla hajaketi.
Navua miwani.
Macho yangu hayajawahi kuwa na tatizo.
Nilianza kuivaa mwaka ule tuliomzika Wrona.

"Kazik," nasema, kwa upole,
"mama yako anaitwa nani?"