Dirisha la Tano

Basi limetushusha Berat saa tatu asubuhi, wageni kumi na mmoja,
na Fatbardha, kiongozi wetu, kainua mwavuli mwekundu
ingawa mvua hakuna.
"Mji wa madirisha elfu," asema. "Msihesabu, chakula kitapoa."

Twapanda. Mawe yamelambwa na nyayo, yateleza kama sabuni.
Mjerumani mmoja auliza: karne ya ngapi?
Ajibiwa. Aandika. Auliza tena.

Penye kona ya mtini, Fatbardha asita.
"Nyumba hii, enzi za Waothmani, ghorofa mbili..."
Juu, dirisha la tano, mkono waanika soksi.
Kamera zote zaelekea huko.
"Bardha!" Sauti yashuka.
Kialbania sikijui, ila swali la mama nalijua:
umekula?

Akohoa. "Na humu," atuambia, "bado mnaishi watu."
Kikapu chateremka kwa kamba, mbele ya historia yote.

Alasiri, Gjirokastër: mapaa ya mawe, ngome, upepo.
Sikusikiliza sana.

Njiani kurudi, gizani, afungua kitambaa:
mkate wa mchicha na jibini, vipande kumi na viwili.
"Huu haumo kwenye tiketi."
Mjerumani auliza uliokwa lini.
"Leo, alfajiri."
Ndiyo tarehe pekee niliyoiandika.