Daftari la Merikebu Vipan

Ukurasa wa kwanza ni mwandiko wa karani aliyenitangulia,
herufi zimesimama wima kama askari wa gwaride:
mialoni mia mbili na arobaini, mizinga kumi na miwili,
mabaharia sabini na mmoja. Mbwa hakuhesabiwa.
Wakaipa jina la ndege wa mabwawani, Vipan,
yule ajifanyaye kavunjika bawa
adui akikaribia kiota.

Kisha miaka.
Imepeleka barua Stralsund.
Imesindikiza mashua za heringi.
Imepeleka barua Stralsund.
Imenaswa na barafu wiki tisa; meza ya nahodha imechomwa, watu waote moto.
Lami, mapipa manne. Kamba. Lami.
Homa: kumi na wanne,
majina yamebanana hadi yanapandana,
maana safu ya vifo ilichorwa nyembamba
na mtu aliyekuwa na matumaini.

Mwaka wa kumi na sita, mstari mmoja tu:
Foromali ya mlingoti mkuu imekatika. Riksdala tisa.
Zitozwe seremala.

Seremala huyo, Torkel Tegelin, ni mjomba wangu.
Alinisimulia mara moja, akichonga mguu wa kigoda,
macho hayainui.
Meli nane za chumvi zimejibanza nyuma ya kisiwa,
upepo haba,
na manowari ya Kirusi, mizinga arobaini, yachomoza ukunguni.
Nahodha Brandel akamgeukia: "Eti, yule ndege hufanyaje?"
Mjomba akachukua msumeno, akapanda.

Foromali ikaning'inia, tanga likaburuzwa majini,
Vipan ikaenda upogo, ikichechemea kuelekea bahari kuu,
na yule mkubwa akaifuata.
Siku nzima wakayakimbia mauti kwa mwendo wa kilema.
Giza lilipoingia wakakata kamba,
tanga likazama na mti wake,
bawa likapona.
Karlskrona ikala chumvi kipupwe chote
wala hakuna aliyeuliza ilipitia wapi.

"Na zile riksdala tisa, mjomba?"
"Nililipa. Kwa hiyo foromali ile ni yangu.
Ipo chini ya bahari, ila ni yangu."

Leo nimeletewa daftari nilifunge.
Mkuku umeoza. Mbao zimenadiwa:
mjane Botilda Frisk kanunua mataruma sita
ajengee banda la nguruwe.
Safu ya mwisho yataka sababu, neno moja.
Nimeandika: Uzee.

Kisha, kwa kuwa kalamu ilikuwa ingali na wino
na mkuu wa ofisi kaenda kula,
nikafunua nyuma hadi mwaka wa kumi na sita.
Nikatoa kisu cha kufutia.
Katika neno "imekatika" nikakwangua herufi mbili,
polepole, karatasi isitoboke,
nikaandika moja.

Imekatwa.