Ukurasa wa Mia na Kumi na Mbili

Nimemletea Kasereka kitabu changu cha tatu,
jalada gumu, harufu ya wino haijatoka.
Tumeketi Birere, juu ya jiwe la volkano
lililomeza nyumba ya baba yake.

Anasoma polepole, kidole kikipanda mistari
kama chukudu mlimani.
"Shujaa," anasoma. Anacheka puani.
"Umeandika nilisukuma majeruhi wanne kutoka Mugunga.
Walikuwa watatu.
Wa nne ni gunia la maharagwe la Mama Kavira.
Sikulitupa. Kijana mmoja alikosa pa kuweka kichwa,
nikamwambia: lalia."

Vita vinne nimevifuata na daftari mfukoni,
nikahesabu mizinga, makanali, makaburi.
Gunia sikuliona.

"Na yule kijana?"
Anafunga kitabu, anakifuta vumbi jeusi.
"Alifika. Damu yake ilizama ndani ya gunia.
Kavira akaosha maharagwe maji matatu, akayapika,
wodi nzima ikala.
Mpaka leo ananidai."

Natoa kalamu nisahihishe.
Ananishika mkono:

"Anza na bei.
Andika gunia lilikuwa bei gani."